Nchi Iliyokuwa Chini ya Michai

Ukisimama juu ya kilima cha kwetu, si mbali na Kebirigo, ukatazama shamba la chai la baba na mama yangu, utaona meza moja pana ya kijani iliyoinama kuelekea mtoni. Michai imechumwa miaka mingi hadi vichwa vyake vimekuwa sawasawa, ungedhani unaweza kutandika kitambaa juu yake ukapanga vikombe. Watu wazima waliliona shamba hivyo, kwa juu. Mimi na dada yangu tulilijua kwa chini.

Chini ya meza hiyo kulikuwa na nafasi inayomtosha mtoto anayetambaa. Vigogo vya michai vilikuwa vikongwe, vimepinda na kuota kuvu nyeupe. Ardhi ilifunikwa na majani makavu yenye unyevu, laini, hayakupiga kelele ukiyapitia. Mwanga uliofika huko ulikuwa wa kijani, na sauti za nyumbani zilifika zikiwa zimenyong'ea, mbuzi wetu akilia kama mbuzi wa kijiji kingine. Dada yangu ndiye aliyesema kwamba ile haikuwa sehemu ya shamba, ilikuwa nchi. Akaiita Inse, neno letu la Ekegusii lenye maana ya chini. Mama alilitamka mara ishirini kwa siku, weka ndoo inse, kaa inse, na kila alipolitamka tulitazamana tukabana vicheko.

Dada alikuwa na miaka kumi na mmoja, mimi minane. Tulienda Inse siku ya Sabato tu, kwa sababu siku nyingine michai ilikuwa ya kazi, na watoto pia walikuwa wa kazi. Sisi ni watu wa Sabato. Chakula kilipikwa Ijumaa, viatu vikapakwa rangi Ijumaa, maji yakatekwa Ijumaa hadi kila chombo kikajaa. Jumamosi tulienda kanisani, tukarudi, tukala wali na maharagwe yaliyopashwa moto, kisha watu wazima wakajilaza. Kelele ilikatazwa. Kukimbia kulikatazwa. Hakuna aliyekumbuka kukataza kutambaa.

Nikisema dada yangu alikuwa hodari wa kutunga, nampunja. Alikuwa na namna ya kuzungumza polepole, kama mtu anayekumbuka jambo badala ya kulibuni. Aliniambia kwamba watu wa Inse walikuwa na kimo cha kidole gumba na hawakupenda kutazamwa usoni, ndiyo maana hatukuwaona. Mtaro wa kuondolea maji ulikuwa mto wao mkuu. Walikuwa na mwezi, na mwezi wenyewe ulikuwa kifuniko cha sufuria tulichokitundika kwenye tawi kwa uzi wa katani. Mama alikitafuta kifuniko hicho wiki nzima, akamshuku jirani. Tulikuwa na kiti cha enzi cha kopo la mafuta ya kupikia, na bakuli dogo la jiwe la Kisii, limepasuka ukingoni, ambamo tuliwawekea watu hao punje za mahindi. Sabato iliyofuata punje zilikuwa zimeondoka. Najua leo kwamba ni panya. Siku ile nilitetemeka kwa furaha.

Tatizo langu lilikuwa usingizi. Nilikuwa nimeshiba wali, nimechoshwa na mahubiri marefu, na huko chini kulikuwa na joto la kiasi na harufu ya udongo. Dada akiwa katikati ya habari za vita vya Inse, mimi nilikuwa nimeshaweka shavu kwenye mkono. Alinitikisa mara ya kwanza, na ya pili. Mara ya tatu hakunitikisa. Alisubiri nifumbue macho mwenyewe, kisha akaniambia kwa ile sauti yake ya kukumbuka:

"Ni vizuri umeamka mapema. Huku hakuna kulala."

"Kwa nini?"

"Ukilala Inse, jina lako linabaki. Wanalichukua. Anayeamka si wewe, ni yule mwingine. Anavaa mwili wako, anakwenda nyumbani, anakula chakula chako, na mama hajui."

"Na mimi?"

"Wewe unabaki huku chini, mdogo kama kidole gumba. Unaita, lakini sauti yako haifiki juu."

Nilimwuliza mtu angemtambuaje huyo mwingine. Alifikiri kidogo akichora udongoni kwa kijiti.

"Akiitwa, haitiki mara ya kwanza," alisema. "Jina si lake, kwa hiyo halimgusi haraka. Huitika mara ya pili."

Tangu siku hiyo sikusinzia tena katika habari zake. Nilikaa wima, macho yamenitoka, na nadhani hilo ndilo alilolitaka. Alikuwa mtoto aliyetaka kusikilizwa.

Yaliyonipata yalinipata mwezi wa mvua. Wageni walikuja nyumbani baada ya kanisa, na mama akamwita dada akawamiminie chai. Dada alitambaa kwenda, akaniachia amri nilinde mwezi. Nilikaa. Nilihesabu vigogo. Mawingu yalifunika kilima, mwanga wa kijani ukawa mzito, na mimi nikajilaza kidogo tu kupumzisha mgongo.

Niliamshwa na mvua ya mawe. Kwetu mvua ya mawe si kitu kigeni, ndiyo adui wa chai, lakini sikuwahi kuwa chini yake kwa namna hiyo. Juu yangu kulikuwa na mlio kama wa magunia ya kokoto yakimwagwa, majani yalikuwa yakichanika, na mashimo ya mwanga mweupe yalifunguka kila mahali katika dari ya nchi yetu. Kifuniko cha sufuria kililia kama kengele. Sikujua nilipo. Kwa muda ambao siwezi kuupima, sikujua hata mimi ni nani. Kila mtu aliyewahi kulala mchana na kuamka ghafla anajua hali hiyo. Mimi sikuwa nimewahi kuijua.

Nilitambaa, nikatoka, nikakimbia huku mawe yakinipiga kichwani. Mama alikuwa amesimama barazani akiniita. Mabati yalikuwa yakinguruma na sikumsikia. Niliona mdomo wake ukifunguka na kufungika. Alipoita tena nikasikia, nikaitika.

Mara ya pili.

Dada alikuwa amesimama nyuma yake na birika mkononi. Alinitazama shavuni, ambako majani makavu yalikuwa yamechapa alama, akatabasamu.

"Umelala," alininong'oneza nilipompita. "Karibu nyumbani, Yule Mwingine."

Ulikuwa mzaha. Aliusahau kabla birika halijapoa, aliniambia baadaye. Mimi niliubeba majuma matatu.

Nataka kueleza hofu ile kama ilivyokuwa, kwa sababu watu wazima husema watoto huogopa mazimwi, na mimi sikuogopa zimwi lolote. Nilijiogopa. Nilikaa mezani nikatazama mkono wangu ukichukua ugali nikajiuliza ni mkono wa nani. Mama aliponiwekea kipande kikubwa cha ndizi niliona nakula cha mtoto mwingine, mtoto wa kweli, ambaye wakati huohuo alikuwa chini ya michai, mdogo kama kidole gumba, akiita. Nilimwonea huruma sana. Na nilikuwa na wazo baya zaidi: kwamba labda bado nilikuwa mimi, ila nusu, na nikilala tena mahali popote, iwe kitandani, iwe kanisani, nitaamka Inse na sitarudi.

Basi nikaacha kulala. Nilitafuna majani mabichi ya chai, machungu hadi ulimi unakauka. Nililaza miguu nje ya blanketi ili baridi inishike. Nilijifinya ndani ya mkono hadi pakawa na madoa. Bila shaka nililala, hakuna mtoto anayeweza kukesha majuma matatu, lakini nililala kwa vipande, kama mtu anayeteleza na kujishika, kila mara nikiamka na moyo ukinipiga na jina langu mdomoni. Nilikuwa nikilitamka mara tatu kuhakikisha lipo.

Shuleni nilisinzia. Mwalimu wetu wa Kiswahili, mama mkali aliyetupenda, alinisimamisha mbele ya darasa. Nikasinzia nikiwa nimesimama, nikaanguka kwenye ubao. Hakunichapa. Aliandika barua kwa mama, na mama akanipeleka zahanati. Wakanitoboa kidole wakitafuta malaria, wasiipate, wakanipa dawa ya minyoo. Mzee wa kanisa alikuja akaomba kwa sauti kubwa roho ya uvivu initoke. Nilifumba macho akiomba, na nikaogopa kuyafumba, nikayafumbua, nikamkuta mama naye amefumbua ananitazama. Alikuwa na hofu pia. Sikujua kwamba mama zetu wanaweza kuogopa.

Sikumwambia mtu. Kusema kungekuwa kuitoa Inse, na Inse ilikuwa ya dada. Tena niliona kwamba Yule Mwingine hawezi kusema kweli kuhusu Yule Mwingine, na yeyote atakayenisikia hataniamini.

Uji ndio ulionitoa. Asubuhi moja ya Jumapili nilikuwa nikikoroga uji wa wimbi jikoni, dada akikata majani ya ng'ombe nje. Nilisinzia nikikoroga. Mwiko ukaponyoka, nami nikainama mbele, na mkono wangu wa kushoto ukaingia kwenye moto kabla sijajua ni wangu. Dada alisikia nikilia. Alinivuta, akanitumbukiza mkono kwenye ndoo ya maji, akaushikilia humo, akanitazama usoni kwa mara ya kwanza katika majuma hayo, nadhani.

"Una nini wewe? Kwa nini hulali?"

"Siwezi."

"Kwa nini?"

Nikalia zaidi. "Kwa sababu mimi si mimi."

 Nikaona uso wake ukielewa, polepole. Rangi ilimtoka. Alikuwa shujaa wa shule, msichana aliyepigana na wavulana wa darasa la saba, na sikuwahi kumwona akilia hata alipovunjika kidole. Alilia jikoni pale, mkono wangu bado ukiwa ndani ya ndoo.

"Nilitunga," alisema. "Sikia. Nilitunga yote. Hakuna watu. Hakuna Yule Mwingine. Nilikuwa nataka usilale nikikuhadithia, basi."

"Hivyo ndivyo ungesema hata kama ni kweli," nilimwambia. "Ili nisiogope."

Alijaribu tena. Aliapa kwa Biblia, ingawa tulikatazwa kuapa. Nilimwuliza nani alikula mahindi. Alisema panya. Nilimwuliza kwa nini niliitika mara ya pili. Alisema mvua. Kila jibu lake lilikuwa zuri na hakuna lililonifikia. Alikuwa ametunga vizuri kupita kiasi, na sasa hakuweza kutungua.

Siku nzima hakunisemesha. Jioni, tukiosha vyombo, aliniambia bila kuniangalia:

"Sabato tutakwenda kumchukua."

"Nani?"

"Wewe. Aliyebaki. Nitalala mimi kwanza, niingie ndani kabisa, nikutafute, nikutoe. Mimi ni mkubwa. Wakitaka jina, wachukue langu kwanza."

Hilo niliamini. Siwezi kueleza kwa nini, lakini niliamini palepale, na usiku huo nililala kidogo zaidi.

Sabato ilipofika alibeba leso ya mama chini ya gauni, na kipande cha mkate kama zawadi kwa wenyeji wa Inse. Michai ilikuwa bado na makovu ya mvua ya mawe, lakini machipukizi mapya yalikuwa yameanza, na dari yetu ilikuwa ikijiziba. Alitandika leso chini ya mwezi. Alilala chali, mikono kifuani, kama alivyolazwa babu yetu kabla ya kuzikwa, kisha akaona nimeogopa, akageukia ubavu.

"Nishike mkono," alisema. "Usiuachilie. Nikichelewa, niite."

"Mara ngapi?"

"Mara moja. Nitasikia."

Akafumba macho. Nilitazama kope zake. Zilitetemeka, kisha zikatulia, na pumzi yake ikawa ndefu. Kwaya ya vijana ilikuwa ikifanya mazoezi kanisani ng'ambo ya mto, wimbo mmoja, ubeti uleule, wakikosea mahali palepale na kuanza upya. Mkono wa dada ulikuwa na joto na sugu za kukata majani. Nilimtazama usoni nikawaza kwamba mtu mmoja duniani ameingia gizani kwa ajili yangu, na kwamba akiwa huko ndani hakuna kitu kitakachonipata hapa nje. Hicho ndicho kitu cha mwisho ninachokikumbuka. Nililala. Nililala kama jiwe linavyolala mtoni.

Niliamka kichwa changu kikiwa juu ya mkono wake. Alikuwa ananitazama, uso wake karibu sana na wangu.

"Umeamka ukiwa wewe," alisema. "Nimeona mwenyewe."

"Ulinipata?"

"Nilikupata. Ulikuwa umekaa kando ya mto wao, umechoka kuita."

"Nilikuwa nalia?"

"Kidogo."

Kabla sijauliza zaidi, matawi yalisogea, na kichwa cha mama kikaingia. Mama yangu, mwanamke mnene, katika gauni lake jeupe la Sabato, alikuwa ametambaa kutoka njiani hadi tulipokuwa, akifuata nini sijui, labda ametuita juu hadi akachoka. Tulingoja fimbo. Alitazama kiti cha enzi. Alitazama bakuli. Alitazama leso yake. Kisha macho yake yakapanda hadi kwenye tawi.

"Kifuniko changu!" alisema.

Na akaanza kucheka, amelala kwa tumbo, gauni limejaa udongo, akicheka hadi machozi yakamtoka. Sisi tukacheka kwa sababu yeye alicheka. Alipomaliza alininyooshea mkono akanifuta makapi shavuni. "Umelala, mwanangu," alisema. "Saa mbili nzima tumewatafuta, na wewe umelala." Aliyasema kama mtu anayeshukuru. Hakukichukua kifuniko siku ile. Alikuja kukichukua Jumatatu.

Hofu haikwisha siku moja. Kwa muda nilihitaji dada alale kwanza, au nimwone akifumba macho, ndipo nami nifumbe. Lakini madoa ya mkononi yalipona, na kovu la moto likabaki jembamba kama uzi. Mwaka uliofuata dada aliingia darasa la juu, akaanza kukaa na wasichana wakubwa siku ya Sabato. Nilikwenda Inse peke yangu mara mbili. Ilikuwa michai tu.

Shamba lile sasa lina maparachichi upande wa chini. Baba aling'oa michai bei ilipomchosha, nikiwa chuoni Kisii, na sikupigiwa simu kuulizwa. Nilipoona udongo mwekundu ulio wazi, mashimo yaliyopangwa kwa mstari, nilisimama hapo muda mrefu hata baba akaniuliza kama nimepoteza kitu.

Dada yangu anaishi Nyaramba, anafundisha watoto wadogo. Mwaka jana nilikwenda kumtembelea nikitoka kazini Nyamira, tukakaa nje tukichambua maharagwe. Tulizungumza habari za mama, ambaye magoti yanamsumbua, na hapo nikakumbuka alivyotambaa. Tukacheka. Nikamwambia dada jambo ambalo sikuwahi kumwambia: kwamba sijawahi kulala usingizi kama ule wa siku ile, na kwamba bado namshukuru kwa kuingia mbele yangu.

Aliendelea kuchambua.

"Sikulala," alisema.

"Nini?"

"Siku ile. Sikulala hata kidogo. Nilijifanya."

Nikaacha kuchambua.

"Nilikuwa nimekusudia. Niliapa nitalala. Lakini nilipofumba macho pale chini, nikaanza kuogopa. Nilijua nimetunga mwenyewe, kila neno, na bado nikawaza, je, kama nilibahatisha? Je, kama ni kweli na mimi ndiye niliyeifungua nchi hiyo?" Alitupa jiwe dogo alilolitoa kwenye maharagwe. "Kwa hiyo nilikaa macho. Ulipolala niliyafumbua nikakutazama hadi ulipoamka. Saa mbili. Mkono ulikufa ganzi, siafu wakanipanda mguuni, sikusogea. Nilifikiri nikisogea utaamka vibaya."

 Nilimwuliza kwa nini miaka yote hiyo hakuniambia. Alisema hakuona sababu, nilikuwa nimepona.

"Na siku hiyo ndiyo niliyoacha kutunga," aliongeza. "Niliona maneno yanaweza kuchoma mtu mkono."

Hilo ndilo lililoniuma. Siku zote nilidhani alikua tu, kama watu wanavyokua, wakayaacha mambo ya kitoto bila kuyaaga. Sikujua kwamba aliyaacha kwa makusudi, akiwa na miaka kumi na mmoja, kwa ajili ya usingizi wangu. Nilimwuliza watoto wake wa darasani huwasimulia nini. Alisema huwasomea vitabu.

Jua lilikuwa limegeuka, na kivuli cha paa kilikuwa kimefika miguuni petu. Nilimwomba aniambie kitu kimoja kuhusu Inse ambacho hakuwahi kuniambia. Alinicheka, mimi mtu mzima mwenye mvi mbili. Nikangoja. Alichambua konzi moja ya maharagwe, na nyingine, kisha mikono yake ikapunguza mwendo.

"Kulikuwa na soko," alisema, polepole. "Upande wa mtoni, ambako hatukuwahi kufika. Lilifunguliwa siku za ukungu tu."

"Waliuza nini?"

"Ngoja," alisema. "Ngoja nikumbuke."